Mabingwa wa Sataranji: Nani Hufungua Mlango?

Somo la kusoma pamoja, mtoto na mzazi



Chukueni ramani ya Oman. Anzeni Maskati, mteremke na pwani, mpite Sur, mpaka nchi kavu iishe. Hapo ndipo Ras al Hadd, ncha ya mashariki ya Bara Arabu. Wengi wenu mnapajua kwa sababu ya kasa wanaopanda pwani usiku kutaga mayai, hapo na jirani yake Ras al Jinz. Lakini kwa mabaharia wa zamani, Ras al Hadd palikuwa pahala pa kugeuza chombo. Jahazi lililopakia tende Basra, au lililotoka Sohar, au Maskati, likitaka kwenda Lamu, Mombasa au Unguja, lilikuwa lazima lizunguke rasi hii. Likishaizunguka, upepo wa kaskazi ndio ulioliteremsha mpaka Afrika ya Mashariki. Kusi likianza kuvuma, likarudi njia ile ile.

Majahazi hayo hayakubeba tende na magogo ya mikoko peke yake. Yalibeba na maneno. Leo tunasoma neno moja lililosafiri sana: sataranji. Mchezo wenyewe ulianza Uhindi karibu na karne ya 6, ukiitwa chaturanga. Waajemi wakauita chatrang. Waarabu wakausikia kwa Waajemi, wakasema shatranji. Sisi Waswahili tukaongeza irabu zetu, kama kawaida yetu, tukapata sataranji.

Malengo ya somo hili ni matatu. Kwanza, kujua maisha ya mabingwa wanne wa sataranji, wa zamani na wa leo. Pili, kujifunza msamiati wa mchezo huu kwa Kiswahili. Tatu, kujibu swali moja linalowahusu watoto na wazazi: mtu mwenye kipaji akifika juu, amefika kwa nguvu zake tu, au kuna aliyemfungulia mlango? Na mlango ukifungwa, inakuwaje?

Kabla ya kusoma

Ubao wa sataranji una miraba 64. Kila mchezaji ana kete 16: mfalme mmoja, malkia mmoja, ngome mbili, farasi wawili, maaskofu wawili na askari wanane. Anayemfunga mfalme wa mwenzake asipate pa kukimbilia ndiye mshindi.

Sasa muulize babu au bibi anayezungumza Kiarabu majina ya kete hizo. Atakwambia kwamba "askofu" kwa Kiarabu huitwa fil, yaani tembo, na "malkia" huitwa wazir, yaani waziri. Majina hayo ndiyo ya zamani zaidi. Tembo na farasi walikuwa sehemu ya jeshi la Kihindi, na mfalme alikwenda vitani na waziri wake. Mchezo ulipofika Ulaya, waziri akageuka malkia na tembo akageuka askofu. Mwisho wa karne ya 15, Wazungu wakambadilishia malkia mwendo pia. Waziri wa zamani alikwenda hatua moja tu kwa mshazari, lakini malkia wa leo anavuka ubao mzima. Kwa hiyo bingwa tutakayeanza naye alicheza mchezo wa polepole kuliko wetu, uliohitaji subira kubwa.

Bingwa wa kwanza: As-Suli wa Baghdad

Abu Bakr as-Suli aliishi Baghdad wakati wa makhalifa wa Bani Abbas. Alikuwa msomi, mwandishi wa historia na mjuzi wa mashairi. Lakini kilichomfikisha mbele ya khalifa ni sataranji.

Khalifa al-Muktafi, aliyetawala kuanzia mwaka 902 hadi 908, alikuwa na mchezaji wake aliyempenda, jina lake al-Mawardi. Siku moja as-Suli akaletwa wacheze mbele ya khalifa. Mwanzoni khalifa alimshangilia al-Mawardi waziwazi, na as-Suli alikuwa mgeni asiye na wa kumshabikia. Hata hivyo alicheza kwa utulivu, akashinda, na ushindi wake ulikuwa wazi kiasi kwamba khalifa mwenyewe akageuka. Jina la Mawardi linatokana na marashi ya mawaridi, basi khalifa akamfanyia mzaha kwamba marashi yake siku hiyo yameharibika.

Tangu hapo as-Suli akawa mtu wa barazani kwa makhalifa watatu. Mmoja wao, ar-Radi, alikuwa mwanafunzi wake tangu utotoni. Inasimuliwa kwamba siku moja watu walikuwa wakiisifu bustani nzuri mbele ya ar-Radi, naye akawaambia kuwa mchezo wa as-Suli unapendeza zaidi kuutazama kuliko bustani ile na maua yake yote.

As-Suli aliandika kitabu cha sataranji na akaacha fumbo moja ambalo alidai hakuna awezaye kulifumbua isipokuwa yule aliyemfundisha mwenyewe. Fumbo hilo lilikaa karibu miaka elfu moja, mpaka mtaalamu wa Kirusi, Yuri Averbakh, alipolifumbua katika karne ya 20. Alikuwa pia na mwanafunzi aliyeitwa al-Lajlaj, maana yake mwenye kigugumizi. Ulimi wake ulikwama, lakini mikono yake haikukwama, na yeye pia akaandika juu ya mchezo huu.

Tumejuaje habari hizi? Mmoja wa walioziandika ni al-Masudi, msafiri mashuhuri. Na huyu al-Masudi anatuhusu. Aliwahi kupanda chombo Sohar, hapa hapa Oman, akaenda mpaka kisiwa alichokiita Qanbalu, ambacho wataalamu wengi wanaona ni Pemba. Anasema safari yake ya mwisho ya kurudi Oman kutoka Qanbalu ilikuwa mwaka 304 wa Hijria, yaani 916 au 917. Chombo kinachotoka Sohar kwenda Pemba hakina budi kuizunguka Ras al Hadd. Basi mtu aliyetuhifadhia habari za bingwa wa Baghdad alipita mbele ya pwani hii, akenda kuwaona watu wa pwani ile.

Mwisho wa as-Suli haukuwa mzuri. Ar-Radi alifariki mwaka 940, na khalifa aliyemfuata hakutaka watu wa barazani. As-Suli akakosa kazi. Baadaye akaingia matatani kwa sababu ya maneno aliyoyasimulia, akalazimika kuondoka Baghdad. Alifariki Basra karibu na mwaka 946, akiwa maskini na amejificha. Ujuzi wake haukupungua hata chembe. Kilichopungua ni mlango: ulifunguliwa na khalifa mmoja, ukafungwa na mwingine.

Bingwa wa pili: Mir Sultan Khan wa Punjab

Turuke miaka elfu moja, tuvuke bahari twende Punjab, sehemu ambayo leo imo Pakistan. Huko, mwanzoni mwa karne ya 20, alizaliwa Mir Sultan Khan. Baba yake alimfundisha sataranji ya Kihindi, ambayo kanuni zake zilitofautiana kidogo na za Ulaya. Kwa mfano, askari hakuruhusiwa kwenda hatua mbili mara ya kwanza.

Tajiri mmoja mwenye ardhi, Sir Umar Hayat Khan, alikiona kipaji chake akamchukua. Mwaka 1928 Sultan Khan akawa bingwa wa Uhindi yote. Mwaka 1929 akaenda London katika msafara wa Sir Umar. Vitabu vya sataranji vya Kizungu havikuwa vimemfaa kitu, na baridi ya Uingereza ilimsumbua sana. Hata hivyo, mwaka ule ule wa 1929 akatwaa ubingwa wa Uingereza! Akautwaa tena 1932 na 1933. Katika mashindano ya Hastings, mwisho wa 1930 na mwanzo wa 1931, alimshinda José Raúl Capablanca wa Cuba, aliyewahi kuwa bingwa wa dunia. Katika Olimpiadi za Sataranji za 1930, 1931 na 1933 ndiye aliyekaa meza ya kwanza ya timu ya Uingereza.

Wasichana, na nyinyi sikilizeni. Katika nyumba hiyo hiyo ya Sir Umar alikuwamo mwanamke aliyeitwa Fatima. Naye alicheza, na mwaka 1933 akawa bingwa wa wanawake wa Uingereza. Watu wawili wa nyumba moja, kutoka mbali, wakachukua vikombe vyote viwili mwaka mmoja.

Kisha mambo yakaishia hapo. Sir Umar alirudi Uhindi mwishoni mwa 1933, na Sultan Khan akarudi naye. Kazi yake ya sataranji Ulaya haikufika miaka mitano. Akarudi kwenye shamba na familia, akaishi maisha ya kimya, akafariki mwaka 1966. Mwanawe alikuja kusimulia jambo la kufikirisha: baba yao hakutaka kuwafundisha sataranji, akawaambia wafanye jambo lenye manufaa zaidi katika maisha yao.

Mnamo Februari 2024, FIDE, yaani shirikisho la dunia la mchezo huu, lilimpa Sultan Khan cheo cha heshima cha grandimasta, ambacho ndicho cha juu kabisa. Heshima ilifika karibu miaka 58 baada ya kifo chake.

Waswahili tunasema: mcheza kwao hutuzwa. Je, Sultan Khan alicheza kwao? Tutalirudia swali hili kwenye mazoezi.

Bingwa wa tatu: Phiona Mutesi wa Katwe

Sasa tuje Afrika ya Mashariki, mjini Kampala, katika mtaa wa Katwe. Phiona Mutesi alizaliwa hapo karibu na mwaka 1996. Baba yake alifariki Phiona akiwa na umri wa miaka mitatu hivi. Ada ya skuli haikupatikana, akaacha masomo, akawa anasaidia nyumbani kwa kuuza mahindi mitaani.

Siku moja alimfuata kaka yake aone anakwenda wapi. Kaka alikuwa akienda kwenye kibanda ambako kijana aliyesomea uhandisi, Robert Katende, alikuwa akiwafundisha watoto sataranji na kuwapa uji. Phiona alikuwa na njaa, na kwanza alichokwenda kukitafuta ni ule uji. Alikuwa na umri wa miaka tisa hivi. Aliyemwonyesha mwendo wa kete hakuwa mtu mzima, bali mtoto wa kike mdogo kuliko yeye, mwenye miaka minne tu. Tukumbuke jambo hili kila tunapoona haya kufundishwa na mdogo wetu.

Phiona hakujua kusoma vizuri, lakini alijua kufikiri. Alikwenda kibandani siku baada ya siku, kwa miguu. Mwaka 2009 alikuwa katika timu ya watoto wa Uganda iliyokwenda Juba kwa mashindano ya watoto wa Afrika, wakashinda. Mwaka 2010 alikwenda Khanty-Mansiysk, Urusi, kwenye Olimpiadi ya Sataranji, na mwaka 2012 Istanbul, Uturuki. Huko Istanbul alipata cheo cha kimataifa cha ngazi ya mwanzo kwa wanawake, jambo ambalo lilikuwa bado jipya kabisa kwa wanawake wa Uganda.

Mwaka 2012 kilitoka kitabu cha maisha yake, na mwaka 2016 ikatoka filamu ya Queen of Katwe, iliyoongozwa na Mira Nair. Lupita Nyong'o wa Kenya aliigiza kama mama yake. Baadaye Phiona alikwenda kusoma chuo kikuu katika jimbo la Washington, Marekani.

Tuseme kweli: alama za Phiona hazikufikia za mabingwa wakubwa wa dunia. Hakuwahi kuwa grandimasta. Basi kwa nini tumemweka katika orodha hii? Kwa sababu ukimuuliza mtu sataranji inaweza kumfanyia nini mtoto, jibu lake ni kubwa kuliko la wengi waliochukua vikombe. Kwake mchezo ulimrudisha skuli, na skuli ikampeleka chuo kikuu. Sultan Khan alifika juu zaidi kwenye ubao, lakini alipoinuka kwenye meza hakuwa na kitu mkononi.

Bingwa wa nne: Gukesh wa Chennai, na waliomtangulia

Wengi wetu tunao jamaa Dubai. Mji huo umeandika historia ya sataranji zaidi ya mara moja. Mwaka 1986 Olimpiadi ya Sataranji ilifanyika huko. Mwaka 2004 mtoto wa miaka 13 kutoka Norway, Magnus Carlsen, alikamilisha huko huko masharti ya kuwa grandimasta. Miaka 17 baadaye, mwaka 2021, alirudi Dubai akiwa bingwa wa dunia, akautetea ubingwa wake dhidi ya Ian Nepomniachtchi wa Urusi. Mchezo wao wa sita ulikwenda mpaka hatua 136 na ulikaribia saa nane, ukawa mrefu kuliko mchezo wowote katika historia ya kugombea ubingwa wa dunia. Hebu fikirieni: unaanza kucheza baada ya Alasiri, unamaliza watu wanalala.

Baada ya hapo Carlsen akasema hana hamu tena ya kugombea taji hilo, akaliacha. Mwaka 2023 Ding Liren wa China akawa bingwa. Alikuwa mchezaji mkubwa, lakini mwenyewe alisema wazi kwamba alipata taabu ya huzuni na uchovu wa moyo. Hilo nalo ni funzo: bingwa pia ni mtu, na kusema "siko sawa" si aibu.

Tarehe 12 Disemba 2024, mjini Singapore, Ding alikosea katika mchezo wa 14, wa mwisho. Aliyekaa mbele yake alikuwa Gukesh Dommaraju wa Chennai, kusini mwa Uhindi, mwenye umri wa miaka 18. Gukesh akawa bingwa wa dunia mdogo kuliko wote waliowahi kushinda taji hilo bila ubishi.

Magazeti yalimsifu Gukesh, lakini tuwatazame wazazi wake. Baba ni daktari wa masikio, pua na koo. Aliacha kazi yake ili asafiri na mwanawe kwenye mashindano. Mama, mtaalamu wa vijidudu, alibaki kuiendesha nyumba kwa kipato chake. Gukesh mwenyewe aliacha kwenda skuli kila siku akiwa mdogo. Nyumba nzima iliweka maisha yake juu ya ubao mmoja. Bahati yao walishinda. Lakini wako wazazi wengine waliofanya hivyo hivyo, na hatuwasikii kwa sababu watoto wao hawakufika Singapore.

Farasi wa pembeni

Walimu wa sataranji huwafundisha watoto jambo moja mapema. Mweke farasi katikati ya ubao, ana pahala nane pa kurukia. Mweke kwenye pembe, ana mbili tu. Farasi ni yule yule, nguvu zake ni zile zile. Kinachobadilika ni pale alipowekwa.

Wapangeni mabingwa wetu namna hiyo. Phiona alianzia kwenye pembe kabisa, na Robert Katende akamwonyesha hatua ya kutokea. Sultan Khan alitolewa pembeni, akawekwa katikati kwa miaka michache, kisha akarudishwa alikotoka. As-Suli alikaa katikati kwa miaka mingi, akamalizia pembeni. Gukesh alisogezwa katikati na wazazi wake, hatua kwa hatua.

Kwa hiyo jibu la swali letu ni hili: kipaji ni cha mtu mwenyewe, na kazi ni yake, lakini karibu kila mara kuna mtu aliyemsogeza. Khalifa alimsogeza as-Suli kwa kuwa alitaka starehe, tajiri akamsogeza Sultan Khan kwa kuwa alitaka sifa. Hao walipoondoka, mlango ulifungwa. Katende alimpa Phiona sataranji pamoja na skuli, na hata angeacha kucheza kesho, skuli ingebaki naye. Anayekupa kete tu amekupa mchezo. Anayekupa elimu amekupa njia hata baada ya mchezo kwisha.

Msamiati wa somo

Ubao: pahala panapochezewa, wenye miraba 64.
Kete: kila kimoja cha vitu vinavyochezewa. Neno hili tunalitumia pia katika bao.
Kula kete: kuiondoa kete ya mwenzako na kushika nafasi yake.
Mshazari: mstari unaokwenda upande, kutoka pembe hadi pembe.
Fumbo: swali gumu lililofichwa jibu lake.
Sare: mchezo usio na mshindi.
Shaha: neno lenye asili ya Kiajemi, maana yake mfalme. Kwa Kiswahili tunamwita mshairi mkubwa kuliko wenzake shaha wa washairi.
Shaha mati: mfalme amefungwa, mchezo umekwisha. Wengine hulieleza kwa Kiarabu, "mfalme amekufa". Wengine hulieleza kwa Kiajemi, "mfalme ameduwaa, hana la kufanya".

Sarufi kidogo

Katika Kiswahili, kete zenye majina ya watu na wanyama hufuata ngeli ya viumbe hai, hata zikiwa za mti au plastiki. Tunasema farasi huyu ameruka, mfalme wako amefungwa, askari wangu wameliwa. Lakini ngome si kiumbe, kwa hiyo tunasema ngome hii imekwenda mbele, ngome zako zimeliwa. Na neno kete lenyewe: kete hii imeliwa, kete hizi zimeliwa.

Kamilisheni sentensi hizi:

1. Malkia w___ a___kula farasi wangu.
2. Ngome z___ mbili z___kwenda mbele.
3. Askari w___ wanane wa___baki.
4. Kete hi___ i___anguka chini ya meza.

Maswali ya ufahamu

1. Neno sataranji limepitia lugha zipi kabla ya kufika kwetu?
2. Kwa nini al-Masudi anahusika na somo hili? Onyesheni safari yake kwenye ramani kwa kidole.
3. Nani alimfundisha Phiona mwendo wa kete, na alikuwa na umri gani?
4. Hesabuni: Carlsen alizaliwa Novemba 1990. Alipoutetea ubingwa wake Dubai mwezi wa Disemba 2021 alikuwa na umri gani?
5. Sultan Khan aliwaambia watoto wake wafanye jambo lenye manufaa zaidi kuliko sataranji. Je, alisema kweli? Toeni sababu mbili za kukubali na mbili za kukataa.
6. "Mcheza kwao hutuzwa." Nani kati ya mabingwa wetu methali hii inamfaa, na nani haimfai? Elezeni.

Kazi ya nyumbani

Mwulizeni babu, bibi, ami au shangazi maswali matatu, kwa Kiswahili, na muandike majibu kwa sentensi kamili.

Kwanza: Je, wewe au ndugu zako mlicheza bao? Bao la Kiswahili lina mashimo 32 na kete 64, idadi ile ile ya miraba ya sataranji. Hapa Oman wako wazee wanaocheza hawalis, ambao nao una safu nne za mashimo, hata kwa kuyachimba kwenye mchanga. Mwombeni akuonyesheni mchezo mmoja kati ya hiyo.

Pili: Nani alikuwa bingwa wa baraza lenu, au wa mtaa wenu? Alisifiwa kwa lipi?

Tatu: Kuna mtu aliyekufungulia mlango ulipokuwa mdogo, akakufundisha kazi, akakulipia ada au akakupeleka skuli? Tusimulie.

Neno kwa wazazi

Wazazi wengi wanauliza: mtoto akiipenda sataranji, tumwachie au tumkataze? Maisha haya manne yanatoa jibu la busara. Mwachieni acheze, kwa sababu mchezo huu unafundisha kutulia, kufikiri kabla ya kugusa, na kushindwa bila kununa. Lakini msiweke nyumba nzima juu ya ubao. Wanaoishi kwa sataranji peke yake ni wachache sana duniani, na hata baadhi ya hao mwisho wao haukuwa mwema. Skuli kwanza, mchezo pamoja nayo.

Na tunaomba jambo moja zaidi. Mtoto anapocheza na baba, mama au bibi, chezeni kwa Kiswahili. "Zamu yako." "Nimekula farasi wako." "Angalia, mfalme wako yu hatarini." "Umefungwa!" Maneno hayo ni mepesi, yanarudiwa mara nyingi katika mchezo mmoja, na mtoto huyashika bila kuona kwamba anasoma. Mtoto anayeona haya kuzungumza Kiswahili mbele ya wageni hana haya anapotaka kumwambia ami yake kwamba amemfunga.

Asiye na ubao, achore miraba minane kwa minane juu ya katoni na atumie vizibo vya chupa vilivyoandikwa majina ya kete kwa kalamu. Jumamosi ijayo leteni majibu yenu, na atakayekuwa na simulizi ya mzee wake aje tayari kuisoma mbele ya darasa.